Sura ya Tisa: Santuri Iliyoachwa Hockley

Polisi walichukua mwili, vikombe viwili, kijiko na kopo la sumu. Santuri waliiacha palepale juu ya gramafoni.

Roselyne Moraa aliinama akaisoma bila kuigusa. Ilikuwa santuri ya zamani, zile nzito zinazovunjika kama kigae, na ufa mwembamba ulikuwa umeingia kutoka ukingoni. Karatasi ya katikati ilikuwa imefifia, lakini maandishi yalisomeka bado: *Ngoja Nivae Viatu. Roki. Bendi ya Hoteli ya Carlisle. Nairobi, 1957.*

Jina la Walter Otieno halikuwamo, na hapo ndipo upande wa mashtaka ulipoisimika kesi yake. Walter alikuwa akipachika milango ya magari katika kiwanda cha Longbridge. Kwa miaka mitano aliwaambia wenzake kwamba sauti ya kwanza kuimba roki kwa Kiswahili ilikuwa yake, na kwamba Kalasinga mmoja aitwaye Sukhdev ndiye aliyemfutia jina. Tarehe sita Februari 1973, saa saba na dakika ishirini mchana, alikutwa amekufa katika karakana ya Sukhdev hapa Hockley, mtaa wa Birmingham. Tumboni alikuwa na sianidi, chumvi ileile ambayo Sukhdev huiyeyusha katika beseni zake kuchovya pete na vijiko ili vipate ngozi ya fedha.

Sukhdev alikuwa mahabusu. Kesi ingeanza Jumatatu, na leo ilikuwa Alhamisi. Akipatikana na hatia angefungwa maisha. Moraa alikuwa askari wa upelelezi Nairobi kabla ya kuja kuwafanyia kazi mawakili wa Birmingham. Wakili wa Sukhdev alikuwa amempa ufunguo, faili na onyo moja: mteja hasemi chochote ila kwamba chai aliitengeneza yeye.

"Niambie tena ulichosikia, Bwana Timmins."

Harold Timmins, mchonga nembo wa karakana ya jirani, alisimama mlangoni na kofia mkononi. Yeye ndiye aliyekuwa shahidi mkuu wa mashtaka.

"Nimekwishawaambia polisi."

"Niambie na mimi. Kichwa changu kizito."

"Ugomvi. Mtu anapiga makelele kwa lugha yenu. Halafu mlio mmoja mrefu, kama wa mtu anayekabwa. Kimya. Kisha yanaanza upya."

"Mara ngapi?"

"Nne. Tatu zilifuatana, kabla ya saa sita na nusu. Ya nne ilikuja baadaye, kama saa saba kasoro robo hivi."

"Kwa hiyo alikabwa mara nne."

Timmins aliikunja kofia yake. "Nasema nilichosikia, binti."

"Sauti ilikuwa moja au mbili?"

"Moja. Yule mwingine labda alikuwa akijibu polepole."

"Watu wa Nairobi wakigombana, Bwana Timmins, hakuna anayejibu polepole. Nenda kakae kwenye meza yako. Funga mlango, shika kazi yako kama siku ile. Usirudi mpaka kuwe kimya."

Alipoondoka, Moraa aliwasha gramafoni na kuteremsha sindano. Kwanza ilisikika mikwaruzo, kama mchele unaopepetwa. Kisha gita likaingia kwa kasi bila kubisha hodi, na nyuma yake mtu akipiga sanduku la nguo kwa viganja. Sauti ya kijana ikapanda juu yake:

*Ngoja nivae viatu, we Adela, ngoja!*
*Kimoja nimekipata, kingine kimekimbia!*

Katikati ya wimbo gita lilikatika ghafla. Kijana yule akapiga ukelele mmoja mrefu, uliopasuka mwishoni, na gita likarudi. Wimbo mzima ulikwisha kwa dakika mbili na sekunde chache. Moraa aliurudia mara tatu zaidi, kisha akazima.

Timmins alirudi bila kofia. Uso wake ulikuwa na rangi ya nta.

"Ni huyo," alisema. "Huyo ndiye aliyekuwa akikabwa."

"Huyo ni Walter Otieno akiwa na miaka ishirini na minne. Hakuna aliyemkaba. Msichana anamsubiri mlangoni naye hajakiona kiatu cha kushoto."

"Mungu wangu. Nimekula kiapo juu ya hili."

"Utakula kingine. Kaa hapa nikuandikie."

Aliandika maelezo yake katika kurasa mbili, akamsomea, naye akatia saini kila ukurasa. Moraa alifunga kalamu kisha akaifungua tena.

"Siku ile nani aliingia uani?"

"Marehemu, kama saa tano. Zaidi ya huyo, hakuna mtu."

"Hakuna kabisa?"

"Mama yake Sukhdev tu, na chupa yake ya chai. Huja kila siku saa sita na nusu kwa basi namba nane, na robo saa baadaye huwa amekwisha kwenda zake."

"Polisi walikuuliza habari zake?"

"Yule bibi? Wamuulize nini? Hana hata Kiingereza cha kuombea maji."

Alipobaki peke yake, Moraa alianza kupekua. Katika beseni la nikeli ilining'inia sahani ya chuma yenye mistari myembamba ya wimbo, na juu yake ngozi mpya ya chuma ilikuwa imeanza kuota na kuishia nusu. Hii ilikuwa kalibu. Sukhdev alikuwa akichovya kalibu ya zamani ili apate mpya ya kukandamizia santuri nyingine. Ukutani, juu ya beseni, palikuwa na tangazo lililoandikwa kwa mkono: hapa ndani hakuna kula wala kunywa. Meza ya chakula ilikuwa nje ya mlango, katika kichumba chenye gramafoni, sinki na rafu. Moraa alipekua rafu yote. Alipata kitambaa, sabuni, visahani na misumari. Hakukuwa na sukari wala majani ya chai.

Chini ya meza alikuta bahasha ya kahawia ya mpiga chapa wa mtaa wa pili. Ndani mlikuwa na karatasi mia mbili za duara, mpya, zenye harufu ya wino: *Ngoja Nivae Viatu. Walter Otieno, sauti na gita.* Kwenye kifuniko cha bahasha mpiga chapa alikuwa ameandika: imechukuliwa na mteja mwenyewe, 6 Februari, saa sita na dakika hamsini.

Moraa aliisoma mara mbili. Anayemchukia mtu hamchapishii jina mara mia mbili. Na aliyekuwa kwa mpiga chapa saa hiyo hakuwa hapa akimimina chai.

*

Gerezani Winson Green walimleta Sukhdev akiwa na kilemba kilichofungwa kwa haraka. Alikuwa mtu wa miaka hamsini, mabega mapana, vidole vyenye makovu ya tindikali.

"Dada, umekuja bure," alisema kwa Kiswahili cha Nairobi kisicho na kwikwi. "Chai nilitengeneza mimi."

"Sikuja kwa ajili ya chai. Nimekuja kwa ajili ya santuri."

"Umeisikia?"

"Mara nne."

"Ule ukelele?"

"Bwana Timmins anadhani ni mauaji."

Sukhdev nusura acheke. "Hata tajiri wangu alidhani hivyo hivyo. Ilikuwa Jumapili, katika ghala la cherehani kule Ngara, mimi ndiye fundi wa mitambo. Walter alikuwa mhudumu wa hoteli, na kibali chake cha kutembea mjini kilikuwa kimekwisha tangu Ijumaa. Tuliweka maikrofoni ndani ya pipa tupu ili sauti irudi. Hatukuwa na ngoma, tukapiga sanduku langu la nguo. Mara mbili wimbo uliharibika. Mara ya tatu askari wakabisha mlango wa mbele, Walter akadhani wamemfuata yeye."

"Ndipo akapiga ukelele."

"Ndipo. Halafu gita likarudi. Walikuwa wamekuja kununua cherehani."

"Nani alifuta jina lake?"

"Mkono wangu." Aliuinua mezani kana kwamba ni kielelezo cha mahakama. "Tajiri alisema duka gani litanunua roki ya mhudumu? Andika bendi ya hoteli. Nikaandika. Zilitolewa mia tatu tu. Miaka kumi na mmoja Walter hakunisalimu. Halafu sitini na nane nafika Birmingham, nasimama kituo cha basi na baridi yangu, nasikia nyuma mtu ananitukana kwa Kijaluo, tusi refu kama reli. Nageuka, ni yeye. Akamaliza kunitukana, akanivua begi begani, akanibebea mpaka nyumbani."

"Na kalibu?"

"Kampuni ilipofungwa waliuza chuma chote kwa kilo. Chuma cha wimbo huu nilikiiba. Nilikivusha ndani ya nguo za mama." Aliendelea haraka. "Nilimwambia Walter nitaitoa upya, kwa jina lake. Siku ile tuliipiga ile ya zamani mara tatu ili asikilize kama ufa unaingia kwenye wimbo."

"Kisha ukaenda kuchukua karatasi."

"Sikwenda popote."

Moraa aliifungua bahasha mezani akageuza kifuniko. Sukhdev aliisoma saa iliyoandikwa. Askari wa zamu alipiga miayo.

"Ripoti ya maabara inasema hivi," Moraa alisema. "Kikombe cha kwanza: chai ya maziwa, iliki, tangawizi, sianidi. Cha pili, kilichofunikwa kwa kisahani: chai ileile, hakuna sumu, hakikuguswa. Mashtaka wanasema hiyo ndiyo nia: cha mgeni kimetiwa, chako umekiacha salama. Walter alipenda sukari?"

"Vijiko vinne. Mjaluo huyo, ungempa muwa akaukoroga."

"Ulimtilia?"

"Nilimtilia."

"Maabara haikuona sukari hata chembe."

"Imekosea."

"Ulitoa wapi? Karakanani hamna sukari."

Sukhdev alianza kuchomeka upya ncha ya kilemba chake.

"Wewe umeacha sukari lini?"

"Sitini na tisa. Daktari alikataza."

"Bwana Sukhdev, ulirudi kutoka kwa mpiga chapa ukamkuta yuko sakafuni. Uliona nini kingine? Uligusa nini kabla ya kuita polisi?"

"Dada." Sauti ilishuka. "Niliziba kopo. Nikafuta kijiko. Mimi. Andika hivyo, ni kweli tupu."

"Aliyelifungua nani?"

Sukhdev aliuma ndevu zake. Alipoinua macho yalikuwa makavu.

"Mtu akifungwa, siku moja anatoka," alisema. "Kuna jela nyingine haina mlango. Nenda popote unapotaka. Nyumbani kwangu usiende."

*

Moraa alikwenda moja kwa moja. Nyumba ilikuwa Sparkbrook, katika safu ya nyumba zilizoshikana nyuma ya Ladypool Road. Kulwinder, mke wa Sukhdev, alikuwa amemkataza kwa simu: mama mkwe ni mzee, asisumbuliwe. Lakini saa hii Kulwinder alikuwa kiwandani. Aliyefungua alikuwa Swaran, mama yake Sukhdev, mwanamke wa miaka sabini na moja, mdogo, mtandio mweupe kichwani.

"Shikamoo, mama. Nimetoka kwa wakili wa Sukhdev."

"Marahaba, marahaba. Wewe kabila gani?"

"Mkisii."

"Sokoni Ngara Mkisii moja nauza mimi ndizi miaka ishirini. Mwizi sana. Ingia, baridi naua wewe."

Jikoni mlikuwa na joto na harufu ya bizari. Juu ya meko, kwenye ubao mrefu, yalipangwa makopo tisa ya Kimbo, yote yamekuja kwa meli kutoka Kenya. Kama katika kila nyumba ya Nairobi, mafuta yalikuwa yamekwisha zamani na makopo yamepewa kazi nyingine. Moraa alikumbuka picha ya kielelezo namba tatu, kopo la sumu, ndani ya faili lake. Hakuitoa.

"Mama, wamekuambia Sukhdev ameshikwa kwa nini?"

"Maneno ya leseni. Kulwinder nasema karatasi ya karakana iko mbaya."

"Na Walter?"

"Moyo." Aligusa kifua. "Moyo nasimama tu. Mtu mwembamba vile. Longbridge nakula mkate na chipsi, moyo nakubali?"

Alikuwa amekwisha kubandika sufuria, maziwa na majani pamoja. Alivuta kopo la tatu bila kulitazama, akazamisha kijiko. Sukari.

"Makopo yote unajua kila moja lina nini?"

"Miaka arobaini mimi najua. Hii sukari, hii dengu, hii unga, hii vifungo. Sukhdev pia nataka Kimbo, natia vitu vyake karakana. Nampa mimi mbili."

Moraa aliweka daftari juu ya goti. "Siku ile ulimpelekea chai."

"Kila siku napeleka. Bila sukari, Sukhdev iko na ugonjwa. Nafika, Sukhdev hapana. Walter peke yake na ile makelele yake. Namimina vikombe mbili, ya Sukhdev nafunika. Walter naonja." Swaran alianza kucheka kimyakimya, mabega yakitikisika. "Nasema, 'Mama, hii chai ya hospitali.' Miaka mingi hapana ona yeye, na yeye natusi chai yangu."

"Ukasemaje?"

"Nasikia aibu. Mgeni wa Nairobi nakunywa chai hiyo kwa mkono yangu? Natafuta sukari. Mezani hapana. Naenda mpaka pale ndani kwa mabeseni, naona iko Kimbo juu."

"Kopo lilikuwa na maandishi?"

"Nyekundu, kubwa. Ya Kizungu. Mimi nasoma maandishi ya kwetu tu." Alichovya kijiko hewani kuonyesha. "Natia nne. Nakoroga vizuri, maana iko mabonge kidogo."

Kalamu ya Moraa ilikuwa ikienda. "Walter alikuona ukitia?"

"Yeye nageuza mgongo, naweka sindano kwa santuri. Nasema, 'Acha ipoe, mama, wimbo ikiisha nakunywa.' Mimi nakimbia basi."

Ule ulikuwa mpigo wa nne. Timmins alikuwa ameusikia kupitia ukutani na kuuita ugomvi.

Maziwa yalipanda. Swaran aliyashusha kabla hayajamwagika, akamimina vikombe viwili, akakaa. Hakuna aliyegusa kikombe. Alitazama daftari lililojaa, kisha akamtazama Moraa, kisha ubao wa makopo. Moraa hakumharakisha, wala hakumsaidia.

"Wewe hapana uliza mimi leseni," Swaran alisema.

"Hapana, mama."

"Nauliza kopo tu."

"Ndiyo."

"Alikunywa?"

Moraa alikuwa amewahoji wezi, wauaji na baba mmoja aliyemzika mwanawe bustanini. Alijibu kama alivyowajibu wale.

"Alikunywa, mama."

Swaran alivua mtandio, akaukunja mara nne juu ya paja, akaufungua, akaukunja tena. Nje gari la maziwa lilipita likigonganisha chupa.

"Na Sukhdev najua."

"Aliporudi alikuta kopo liko wazi. Alilifunga, akafuta kijiko, akawaambia polisi chai ni yake. Jumatatu wanaanza kumhukumu kwa kuua."

"Mpaka lini watafunga yeye?"

"Maisha."

"Mjinga," Swaran alisema polepole. "Mtoto mjinga." Aliibana mikono yake katikati ya magoti. "Mimi natoa jina lake mdomoni kwa maombi kila asubuhi. Nasema, Mungu, maliza maneno ya leseni."

Moraa aligeuza daftari. "Nimeandika ulivyosema. Nitakusomea. Lakini sikiliza kwanza. Hulazimiki kutia saini leo. Unaweza kumngoja Kulwinder, unaweza kumwita wakili wako mwenyewe. Ukitia, polisi watakuuliza haya yote tena, na mahakama itakuuliza. Hakuna atakayekuita muuaji ukisema kama ulivyoniambia. Lakini utalisema mbele ya watu wengi."

"Walter iko na mke?"

"Yuko Kisumu. Na binti wawili."

"Watasikia?"

"Watasikia."

Swaran alivuta daftari. Moraa alimsomea mstari kwa mstari, naye akasahihisha mahali pawili: kijiko kilikuwa kikubwa, si kidogo, na mgeni alisema asante kabla ya kuuliza sukari. Kisha aliandika jina lake kwa herufi za kwao, taratibu, akilitundika kila neno kwenye mstari wake wa juu.

Alisimama akazima gesi. Akavaa koti juu ya koti, soksi za sufu, viatu vyeusi vya kwendea gurudwara, hekalu lao. Mlangoni alisimama akamgeukia Moraa.

"Kulwinder narudi saa kumi na moja. Yeye nalia, nashika mimi, mimi hapana kwenda tena. Tunaenda sasa. Na Sukhdev asiambiwe mpaka mimi namaliza, maana yeye nasema uongo ingine."

"Sawa, mama."

"Polisi hapana jua Kiswahili. Kiingereza yangu nasema wewe."

"Nitasema mimi."

"Usipunguze kitu," alisema Swaran, akatoka wa kwanza.